Vitabu vya sinema ya Japani na funzo lake kwa wasimulizi wa filamu Afrika Mashariki

KWA miaka mingi, mkazi wa Matulo, Webuye, Kitale au mjini Bungoma aliyelipa ada ndogo na kuingia katika kibanda cha video hakuenda kutazama picha tu. Alikwenda kusikiliza pia. Filamu ilitoka Hong Kong, Mumbai au Hollywood, lakini sauti iliyovuma kibandani ilikuwa ya Mkenya aliyesimulia kwa Kiswahili kilichochanganywa na Sheng, akiwabatiza waigizaji majina mapya, akitania, akionya, na mara nyingine akimhurumia hata jambazi. Jina la DJ Afro lilifahamika kwa wengi kuliko majina ya waigizaji waliokuwa kwenye skrini.

Wapo wanaodhani kwamba kazi ya kusimulia filamu ni uvumbuzi wa juzi, uliozaliwa pamoja na kanda za video na diski. Sivyo. Yapata miaka 100 iliyopita, Japani ilikuwa na maelfu ya watu walioishi kwa kazi hiyo hiyo. Waliitwa benshi. Walikuwa na leseni, wanafunzi, wapinzani na mashabiki, kisha wakatoweka katika muda wa miaka michache.

Tofauti kati ya msimulizi wa Japani na mwenzake wa Afrika Mashariki si ya kipaji. Ni ya daftari. Benshi ameandikwa vitabuni: alikotoka, alivyofanya kazi, alivyolipwa heshima na alivyoangamia. Msimulizi wa Afrika Mashariki ameanza kuandikwa majuzi tu, tena mara nyingi na wageni na kwa lugha za kigeni. Makala haya yanaeleza vitabu muhimu kuhusu historia na sanaa ya sinema ya Japani, na kile ambacho vitabu hivyo vinaufunza ukanda huu.

BENSHI ALIKUWA NANI?

Picha zinazosonga zilifika Japani mwaka 1896, kupitia mtambo wa Mmarekani Thomas Edison ambao mtu mmoja mmoja alichungulia ndani yake. Mwaka uliofuata ukaja mtambo wa ndugu wawili wa ukoo wa Lumière kutoka Ufaransa, ambao ulitupa picha ukutani ili umati uone kwa pamoja. Filamu za enzi hizo hazikuwa na sauti. Katika Ulaya na Marekani, pengo hilo hatimaye lilizibwa kwa muziki na kwa maandishi mafupi yaliyokatiza picha. Japani ilishika njia nyingine. Msimulizi alisimama kando ya skrini, akaeleza kisa, akaigiza sauti za wahusika wote, wanaume kwa wanawake, watoto kwa wazee, na kuwafafanulia watazamaji mambo ya nchi za mbali ambazo hawakuwahi kuziona.

Desturi hiyo haikuanguka kutoka mawinguni. Katika mchezo wa vikaragosi uitwao bunraku, mtu mmoja huketi kando ya jukwaa na kuwasemea vikaragosi wote. Walikuwapo pia watambaji wa hadithi waliotumbuiza kumbini. Sinema ilipobisha hodi, ilikuta kiti cha msimulizi kimekwisha kutandikwa.

Kufikia mwaka 1927, Japani ilikuwa na benshi zaidi ya 6,800, na miongoni mwao wanawake wapatao 180. Majina yao yaliandikwa kwenye mabango, na watazamaji walichagua ukumbi kwa kuangalia ni nani anayesimulia jioni hiyo. Musei Tokugawa (1894-1971), aliyesifika kwa kusimulia filamu za kigeni, alikuwa na umaarufu ambao waigizaji wengi wangeutamani.

Kisha sauti ikafika. Mwaka 1931 filamu ya Marekani iitwayo Morocco ilionyeshwa nchini humo ikiwa na tafsiri ya Kijapani iliyoandikwa juu ya picha yenyewe. Mwaka huo huo mwelekezi Heinosuke Gosho alitoa filamu ya Kijapani iliyosema yenyewe kuanzia mwanzo hadi mwisho. Kumbi hazikuhitaji tena mtu wa kusimama kando ya skrini.

VITABU VYA MSINGI

Msomaji anayetaka kuijua historia nzima huanzia kwenye kitabu The Japanese Film: Art and Industry, kilichoandikwa na Joseph Anderson na Donald Richie na kuchapishwa mwaka 1959. Kilikuwa kitabu cha kwanza cha Kiingereza kuieleza historia ya sinema ya Japani kwa upana, na dibaji yake iliandikwa na mwelekezi Akira Kurosawa. Toleo lililopanuliwa lilitoka mwaka 1982.

Nguvu ya kitabu hicho imo katika kichwa chake. Waandishi hawakuitenga sanaa na biashara. Wanaeleza filamu bora, lakini pia wanaeleza kampuni zilizozitengeneza, kumbi zilizozionyesha, ushindani, migomo na madeni. Msomaji anaelewa kwamba filamu njema haizaliwi na kipaji pekee. Huzaliwa pale ambapo kuna mtu wa kulipia, mtu wa kuonyesha na mtu wa kununua tikiti.

Richie mwenyewe ni mfano wa methali isemayo mgeni njoo, mwenyeji apone. Alizaliwa Lima, jimbo la Ohio nchini Marekani, mwaka 1924, akafika Japani mwaka 1947 wakati nchi hiyo ilipokuwa chini ya majeshi ya Marekani, na akaanza kuandika kuhusu filamu akiwa mwanagazeti. Aliishi Tokyo sehemu kubwa ya maisha yake hadi alipofariki huko mwaka 2013. Kitabu chake A Hundred Years of Japanese Film, cha mwaka 2001, ni kifupi na chepesi kusoma kuliko kile cha 1959, na kinamfaa zaidi msomaji anayeanza.

Hata hivyo, mwenyeji naye hakukaa kimya. Tadao Sato (1930-2022) hakupitia chuo kikuu. Alifanya kazi katika shirika la reli na baadaye katika kampuni ya simu, huku akituma makala kwa majarida ya filamu mpaka akaajiriwa kuwa mhariri. Mtu huyo aliyejisomesha mwenyewe aliandika historia ya sinema ya Japani katika juzuu nne, zilizotoka mwaka 1995. Wasomaji wa Kiingereza wanamjua kupitia Currents in Japanese Cinema, mkusanyiko wa insha zake uliotafsiriwa mwaka 1982. Sato huitazama filamu kama mtu aliyeketi miongoni mwa watazamaji wa kawaida. Huuliza ni baba wa namna gani anayeonyeshwa, ni mapenzi ya namna gani yanayoruhusiwa, na maskini anachekwa au anaheshimiwa.

Kwa walimu na wanafunzi wa maeneo ya mashambani, maisha ya Sato yana funzo lake. Historia ya sinema ya taifa zima iliandikwa na mfanyakazi wa reli aliyekuwa na tabia ya kuangalia kwa makini na kuandika alichokiona.

VITABU KUHUSU WAELEKEZI

Kundi la pili ni la vitabu vinavyomchambua mwelekezi mmoja mmoja. Wawili walioandikwa zaidi ni Akira Kurosawa (1910-1998) na Yasujiro Ozu (1903-1963).

Jina la Kurosawa huenda likawa geni kwa wengi katika ukanda huu, lakini kazi yake si ngeni. Filamu yake Seven Samurai ya mwaka 1954 inahusu wakulima wanaojua kwamba majambazi watarudi punde mavuno yakikomaa, nao wanaamua kuwatafuta wapiganaji wa kuwalinda kwa malipo ya chakula tu. Ni kisa ambacho mkulima wa mahindi wa Trans Nzoia hahitaji kufafanuliwa. Wamarekani walikigeuza kuwa filamu ya wachunga ng'ombe, The Magnificent Seven, mwaka 1960. Athari zake zinaonekana pia katika Sholay, filamu ya India ya mwaka 1975 iliyopendwa mno Afrika Mashariki. Waliomshangilia Amitabh Bachchan katika Sholay walikuwa wakimshangilia Kurosawa pasi na kujua.

Richie alitoa The Films of Akira Kurosawa mwaka 1965. Kitabu hicho kinachukua filamu moja baada ya nyingine, kikieleza kisa chake, wahusika, kamera na muziki. Ni mfano mzuri kwa yeyote anayetaka kujua uhakiki wa filamu unavyoandikwa.

Ozu ni bahari nyingine. Filamu zake hazina mapigano. Zina wazazi wanaozeeka, mabinti wanaoozwa na chai inayopoa. Tokyo Story, ya mwaka 1953, inawafuata wazee wawili waliosafiri kwenda kuwatembelea watoto wao mjini na kugundua kwamba watoto hao hawana nafasi nao. Mzazi yeyote wa kijijini aliyewahi kupanda basi kwenda Nairobi kumwona mwanawe ataielewa. Mwaka 2012, waelekezi waliopigiwa kura na jarida la Uingereza la Sight and Sound waliichagua kuwa filamu bora kuliko zote duniani.

Ozu aliweka kamera chini, karibu na kimo cha mtu aliyeketi mkekani. Jambo hilo dogo limezaa vitabu vizima. Richie, katika Ozu cha mwaka 1974, anafuata hatua za kazi yenyewe: kuandika mswada, kupiga picha, kisha kuhariri. Paul Schrader, ambaye baadaye aliandika mswada wa filamu ya Taxi Driver, alimlinganisha Ozu na waelekezi wa Ulaya katika kitabu cha mwaka 1972, akidai kwamba utulivu wa picha zao unamsogeza mtazamaji kwenye mambo ya kiroho. David Bordwell, katika Ozu and the Poetics of Cinema cha mwaka 1988, aliyakataa maelezo ya aina hiyo. Alihesabu, alipima na kuonyesha kwamba Ozu alikuwa fundi aliyejiwekea kanuni zake na kucheza nazo. Chuo Kikuu cha Michigan kilikiweka kitabu cha Bordwell kwenye intaneti kisomwe bila malipo, jambo lenye uzito kwa msomaji aliye mbali na maktaba kubwa.

NDUGU WA KUROSAWA

Miongoni mwa vitabu vyote, kinachomgusa msomaji wa kawaida zaidi ni tawasifu ya Kurosawa. Kwa Kijapani inaitwa mafuta ya chura. Kurosawa anaeleza imani ya kale kwamba chura akiwekwa katika sanduku la vioo hujiona alivyo mbaya, akatokwa na jasho, na jasho hilo likawa dawa. Kwake, kuandika maisha yake kulikuwa ni kujiona katika vioo hivyo. Tafsiri ya Kiingereza ya Audie Bock, Something Like an Autobiography, ilitoka mwaka 1982.

Shujaa wa kurasa za mwanzo si Kurosawa mwenyewe. Ni kaka yake Heigo. Baada ya tetemeko kubwa la ardhi la mwaka 1923, Heigo alimchukua mdogo wake, aliyekuwa na umri wa miaka 13, wakatembea katikati ya magofu ya Tokyo na maiti zilizotapakaa. Mtoto alipotaka kugeuza uso, kaka alimhimiza aangalie. Alimfunza kwamba kinachotisha ni kile ambacho mtu amekataa kukitazama.

Heigo alikuwa benshi. Alisimulia filamu za kigeni, na ndiye aliyemwongoza mdogo wake kuzijua filamu bora za dunia. Filamu zenye sauti zilipoingia na wasimulizi wakaanza kufutwa kazi, aliingia katika uongozi wa mgomo wao. Mgomo haukufua dafu. Mwaka 1933 Heigo alijitoa uhai, akiwa na umri wa miaka 27. Miaka mitatu baadaye, mdogo wake aliajiriwa katika kampuni ya filamu.

Kurosawa hadai kwamba kazi pekee ndiyo iliyomuua kaka yake. Lakini msomaji anafunga kitabu akijua jambo ambalo takwimu za wasimulizi 6,800 haziwezi kulisema. Mtambo mpya unapoingia, kuna mtu mwenye jina na familia anayesukumwa nje ya mlango.

VITABU KUHUSU WASIMULIZI WENYEWE

Kwa muda mrefu wanahistoria walimwona benshi kama kikwazo kilichoichelewesha sinema ya Japani. Aliyegeuza mjadala huo ni Noël Burch, katika To the Distant Observer cha mwaka 1979. Burch alidai kwamba, kwa kuwa msimulizi alibeba mzigo wa hadithi, picha yenyewe ilipata uhuru ambao sinema ya Hollywood haikuwa nao. Wengi wamempinga katika mambo mengi, lakini baada yake haikuwezekana tena kumpuuza mtu wa kando ya skrini.

Joseph Anderson, yule yule wa kitabu cha 1959, alirudi mwaka 1992 na insha ndefu kuhusu wasimulizi katika mkusanyiko Reframing Japanese Cinema. Mwaka 2003 Jeffrey Dym alitoa kitabu kizima kuhusu benshi na sanaa yao, akifuata maisha ya wasimulizi mashuhuri na mitindo iliyobadilika mwaka hadi mwaka.

Aaron Gerow, katika Visions of Japanese Modernity cha mwaka 2010, anaangalia upande wa serikali na wasomi. Anaonyesha kwamba kanuni za filamu zilizotungwa na polisi wa Tokyo mwaka 1917 ziliwalazimu wasimulizi kuwa na leseni. Sababu inaeleweka kwa urahisi. Picha inaweza kukaguliwa kabla ya kuonyeshwa, lakini maneno ya msimulizi hutoka papo hapo, na hubadilika kila jioni. Wakati huo huo, wapo wasomi vijana waliotaka msimulizi aondolewe kabisa ili filamu ijisimamie. Kenya nayo ina Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, inayosimamia ukaguzi na uainishaji wa filamu. Swali la nani anadhibiti maneno yanayosemwa juu ya picha si geni wala halijaisha.

Jambo la mwisho katika kundi hili ni uhifadhi. Filamu nyingi za Kijapani za enzi ya ukimya zimepotea, nyingine kwa tetemeko la 1923, nyingine kwa mabomu ya vita, nyingine kwa uzembe tu. Shunsui Matsuda (1925-1987), mwana wa benshi, alitumia maisha yake kukusanya mabaki ya filamu hizo na kuendelea kuzisimulia. Mwanafunzi wake, Midori Sawato, ameendeleza kazi hiyo hadi karne hii ya 21. Mwaka 2019 mwelekezi Masayuki Suo alitengeneza filamu ya vichekesho kuhusu benshi. Kazi iliyokufa kama ajira ikabaki hai kama urithi, kwa sababu palikuwa na watu walioiandika na kuitunza.

MWENYE KALAMU NI NANI?

Vitabu vingi vilivyotajwa hadi hapa viliandikwa na Wamarekani. Mitsuhiro Yoshimoto alilikabili suala hilo waziwazi katika kitabu chake kuhusu Kurosawa, kilichotoka mwaka 2000. Anauliza jinsi wasomi wa Magharibi walivyoijenga picha ya Japani kupitia filamu, na kwa nini kila kitu kilielezwa kwa visingizio vya mila na dini hata pale ambapo mwelekezi alikuwa akitafuta tu njia bora ya kusimulia kisa.

Mfano wa mhakiki Shigehiko Hasumi unatosha. Kitabu chake kuhusu Ozu kilichapishwa kwa Kijapani mwaka 1983. Tafsiri ya Kiingereza ilitoka mwaka 2024, miaka 41 baadaye. Katika miaka hiyo yote, wasomi waliojua Kiingereza pekee walijadiliana kuhusu Ozu bila kumsikia mmoja wa wahakiki wake wakuu. Hata hivyo, Hasumi hakusubiri kutafsiriwa ndipo aandike. Aliwaandikia wenzake kwanza, kwa lugha yao.

HALI ILIVYO AFRIKA MASHARIKI

Ukanda huu haujaanza mikono mitupu. Kitabu cha kwanza kabisa kinachostahili kutajwa ni The African and the Cinema, cha L. A. Notcutt na G. C. Latham, kilichochapishwa London mwaka 1937. Kinasimulia jaribio lililofanywa kati ya 1935 na 1937 kutoka Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika. Kikundi hicho kilitengeneza filamu 35 kuhusu afya, kilimo, kodi na mengineyo, kikazipeleka kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Maelezo yalirekodiwa kwa lugha za Kiafrika kwenye sahani za santuri zilizochezwa pamoja na picha.

Kitabu hicho kimejaa fikra za kikoloni, na kinapaswa kusomwa kwa tahadhari. Lakini thamani yake ni kubwa, maana filamu zilizosalia ni chache mno. Bila kitabu, hata majina yake yasingejulikana. Mwaka 1939 serikali ya Uingereza iliunda Kitengo cha Filamu za Makoloni, na magari ya sinema yakaendelea kuzunguka vijijini yakiwa na mtu wa kufafanua picha kwa lugha ya wenyeji. Tom Rice ameeleza historia ya kitengo hicho katika Films for the Colonies, cha mwaka 2019.

Kuhusu watazamaji wa mijini, kitabu kinachoongoza ni Reel Pleasures cha mwanahistoria Laura Fair, kilichotoka mwaka 2018. Fair alizungumza na wazee wa Zanzibar na Tanzania Bara, akapekua nyaraka na kuandika historia ya kumbi za sinema, wafanyabiashara waliozijenga na watu waliopanga foleni milangoni. Humo msomaji anakutana na filamu za Kihindi, sinema ya wazi ya magari iliyofunguliwa Dar es Salaam mwaka 1966, na mapenzi, mitindo na mijadala iliyotoka ukumbini kwenda barazani.

Msimulizi wa Afrika Mashariki ameandikwa na Mjerumani Matthias Krings. Katika African Appropriations, cha mwaka 2015, sura moja inaeleza jinsi filamu za Nigeria zilivyopokewa na kugeuzwa Tanzania. Makala yake ya mwaka 2012 inahusu watafsiri wa filamu wa nchi hiyo, akiwemo Derek Mukandala aliyejulikana zaidi kama Lufufu. Kichwa cha makala hiyo kinalinganisha kazi yao na kugeuza wali kuwa pilau, na hakuna mlinganisho unaowafaa zaidi wasomaji wa Kiswahili.

Uganda imekwenda hatua zaidi. Filamu ya Who Killed Captain Alex?, iliyotengenezwa na Nabwana I. G. G. katika mtaa wa Wakaliga jijini Kampala mwaka 2010, ilisambaa duniani ikiwa na sauti ya msimulizi VJ Emmie. Huko mbali, watazamaji wengi hawaijui filamu hiyo bila sauti yake. Kwa upande wa Kenya, Robin Steedman amewaandikia kitabu wanawake wanaotengeneza filamu Nairobi, Creative Hustling, cha mwaka 2023.

Orodha hii ni ya heshima, lakini inafichua pengo. Waandishi wake wengi ni wageni, na wote wameandika kwa Kiingereza. Msimulizi aliyechekesha kibanda kizima kwa Kiswahili anasomwa leo kwa lugha ambayo hakuisimulia.

FUNZO KWA BUNGOMA NA KITALE

Mji wa Kitale unajua maana ya kukusanya. Makumbusho yake, yaliyofunguliwa mwaka 1974, yalitokana na mkusanyiko wa mlowezi Hugh Stoneham, ambaye tangu mwaka 1926 alikuwa na makumbusho yake binafsi ya wadudu, ndege, vitabu na vifaa vya wenyeji. Kwa sababu mtu mmoja alijali kuwabandika vipepeo na kuandika tarehe chini yake, mtafiti anaweza kujua ni kipepeo gani aliyeruka Trans Nzoia karibu karne moja iliyopita.

Sauti haibandikwi kwa pini. Mzee aliyefafanua filamu za serikali kwenye uwanja wa shule, fundi aliyeendesha projekta, mama aliyekaanga njugu mlangoni mwa kibanda cha video, kijana aliyechagua diski za kuonyesha jioni: wote hao ni vitabu visivyoandikwa. Simu za mkononi zimebadilisha utazamaji, kama filamu zenye sauti zilivyobadilisha kumbi za Tokyo mwaka 1931. Diski nazo hukwaruzika na kutupwa.

Kazi inayotakiwa si ngumu kama inavyodhaniwa. Mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Kibabii mjini Bungoma, au wa Masinde Muliro kule Kakamega, anaweza kuwahoji wasimulizi na wenye vibanda, akaandika tarehe, bei, majina ya filamu na namna maneno yalivyogeuzwa. Mwalimu wa Kiswahili anaweza kuwapa wanafunzi wake zoezi la kunakili dakika kumi za usimulizi na kulichambua kama wanavyochambua ngano: ucheshi, tashbihi, lakabu na kuchanganya ndimi. Msomaji mwenye diski kuukuu anaweza kuandika juu yake mahali na mwaka alipoinunua kabla ya kuiweka kabatini.

Suala la hakimiliki lisiwe kisingizio cha kunyamaza. Kampuni ya Toho ya Japani iliwahi kumdai mwelekezi Sergio Leone wa Italia kwa kuigeza filamu ya Kurosawa, Yojimbo, katika A Fistful of Dollars ya mwaka 1964, na ikalipwa. Mambo hayo yameandikwa bila aibu katika historia za sinema. Kueleza jinsi filamu zilivyofika kibandani ni sehemu ya historia, hata pale ambapo njia yenyewe haikuwa halali.

PA KUANZIA

Msomaji anayeanza anashauriwa kusoma kwanza tawasifu ya Kurosawa, kisha A Hundred Years of Japanese Film cha Richie. Baada ya hapo asome Reel Pleasures cha Fair ili aone mbinu hizo hizo zikitumika karibu na nyumbani. Anayevutiwa na ufundi wa kamera aende kwa Bordwell, na anayevutiwa na usimulizi aende kwa Dym na Krings. Kila anaposoma, ajiulize swali moja: ni nani Afrika Mashariki aliyefanya kazi kama hii, na yuko wapi sasa?

Waswahili walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Heigo Kurosawa hakuacha filamu wala kitabu. Anajulikana leo Bungoma na Tokyo kwa sababu mdogo wake alichukua kalamu.